Walioketi Chumbani Waulizwe Wangali Hai

Aghalabu kila jioni, taarifa ya habari ikisha kwisha na chakula kikiwa bado jikoni, hutokea katika majumba yetu jambo ambalo sasa limekuwa ada: watu wanne au watano huketishwa kuizunguka meza ya studio, mwendesha kipindi huwakaribisha kwa taadhima, na kwa muda wa saa nzima hubishana juu ya mkataba uliotiwa saini, au uchaguzi uliovurugika, au waziri aliyeondolewa, ilhali hakuna hata mmoja kati yao aliyekuwapo pale jambo hilo lilipoamuliwa. Asubuhi, barazani, ukimwuliza mwenye nyumba aliyekesha akitazama amepata nini, ataweza kukueleza nani alimzidi mwenzake kwa ufasaha na nani alipandwa na hasira, lakini ukimwuliza mkataba wenyewe ulipitishwa na nani, nani aliupinga, na ni neno gani lililowafanya waliopinga wakubali, atanyamaza, kwa kuwa hakuambiwa.

Nasema bila ya kusita kwamba televisheni inayotupa rai bila ya kutupa ushahidi inatudhulumu, na dhuluma hiyo humfika zaidi mtu wa kawaida, ambaye hana rafiki serikalini wa kumnong'oneza yaliyotokea. Nasema pia kwamba liko jambo jingine linalowezekana, tena limekwisha kufanywa kwa zaidi ya miaka arubaini na mtayarishaji mmoja wa vipindi ambaye jina lake halijulikani sana kwetu, ingawa kazi yake imegusa mpaka kingo za Mto Tana.

Mtafiti wa Bungeni

Mtayarishaji huyo ni Norma Percy, mzaliwa wa New York aliyelowea London. Alianza kazi kama mtafiti katika Bunge la Uingereza, na mnamo mwanzo wa miaka ya 1970 akaingia katika kampuni ya televisheni ya Granada, kufanya kazi na mtayarishaji Brian Lapping katika mfululizo wa vipindi uliotaka kuwaonyesha raia jinsi Bunge lao linavyotenda kazi. Zama zile kamera za televisheni zilikuwa haziruhusiwi kuingia katika ukumbi wa Bunge la Makabwela. Ruhusa hiyo haikupatikana mpaka mwaka 1989. Nadhani marufuku yale ndiyo yaliyomfundisha mengi, kwa maana aliyezuiwa kupiga picha ya jambo hana budi kujifunza kuwauliza waliolishuhudia, na kuwauliza kwa namna ambayo hawataweza kuteleza.

Kutoka hapo kazi zake zilifuatana kwa utulivu wa mtu asiyeharakishwa na ghasia za siku. Alishiriki katika End of Empire, mfululizo mkubwa wa mwaka 1985 juu ya kuvunjika kwa dola ya Waingereza. Mwaka 1991 ukaja The Second Russian Revolution, juu ya zama za Gorbachev. Mwaka 1994 Watergate. Mwaka 1995 The Death of Yugoslavia. Halafu vita vya Waarabu na Israeli, mapatano ya Ireland, Iran, vita vya Irak, Ikulu ya Obama, na Urusi ya Putin, ambayo ameirudia mara kadhaa, hata mwaka 2023. Mfululizo mmoja humchukua pengine miaka miwili au zaidi, na gharama yake ni kubwa kiasi kwamba mara nyingi mashirika ya utangazaji ya nchi kadhaa hulazimika kuchangiana. Mwenyewe haonekani katika picha wala hasikiki akibishana na mtu.

Siri yake ni sahili kuitaja na taabu kuitekeleza. Hamwulizi mtu anaona nini juu ya jambo. Humwuliza lilitokea nini. Ulipoingia chumbani ulimkuta nani? Nani alianza kusema? Alisema maneno gani? Wewe ukajibuje, naye uso wake ukawaje? Tena hamwulizi mmoja tu, bali huwatafuta wote walioketi katika chumba kile, rafiki na adui, mkubwa na mwandishi wake, na aghalabu huanza na wadogo, wale makatibu na washauri waliokaa nyuma ya viti wakiandika kila neno katika madaftari yao, kwa sababu hao hukumbuka zaidi na hujificha kidogo. Basi afikapo kwa rais au waziri mkuu, huwa anakijua chumba kana kwamba alikuwamo, na mkubwa yule akitaka kupamba, hujikuta anazungumza na mtu aliyekwisha kusikia habari ile kutoka kwa watu wengi waliokuwamo. Siri ya mtungi aijuaye kata, nao wahenga walisema kweli, lakini mtayarishaji huyu alifahamu kwamba kata zilizotia maji mtungi mmoja ni nyingi.

Elimu hii si ngeni kwetu

Nani katika pwani yetu atakayestaajabia njia hiyo? Wanazuoni wa hadithi, ambao vitabu vyao husomwa katika misikiti na madrasa kuanzia Lamu hadi Kilwa, walikwisha kuiweka misingi yake karne nyingi kabla ya kuzuliwa kamera. Hawakuridhika kuambiwa kwamba jambo fulani limesemwa. Walitaka kujua amelipokea nani kutoka kwa nani, je, wawili hao walipata kukutana, mpokezi alikuwa mwaminifu, kumbukumbu yake ilikuwa nzima, na wengine waliolipokea jambo lilelile walilisimulia vivyo hivyo au walihitilafiana. Mtu mwenye heshima kubwa, mcha Mungu asiyeshukiwa, riwaya yake iliweza kuachwa kando kwa sababu tu ya udhaifu wa kumbukumbu. Waliipenda kweli kiasi hicho.

Sasa linganisha insafu hiyo na mazungumzo ya mezani niliyoyataja, ambayo mtu huja na neno alilolisikia kwa mwenziwe, aliyelisikia kwa dereva wa fulani, akalitoa mbele ya umma kama kwamba ni ithibati, na hakuna amwulizaye ulikuwapo?

Jiwe la Moscow

Nitaje mfano mmoja mdogo, kwa sababu ndani yake unaonekana uzito wa kazi yenyewe. Mwezi wa Januari mwaka 2006 televisheni ya serikali ya Urusi ilionyesha picha za jiwe lililowekwa mahali pa wazi katika jiji la Moscow, ikadai kwamba jiwe lile si jiwe, kwamba ndani yake mmefichwa chombo cha kupokelea na kutolea habari, na kwamba watu wa ubalozi wa Uingereza walilitumia kupashana siri na majasusi wao. London haikukiri. Wengi walicheka, wakaona ni hekaya ya propaganda. Lakini madai yale yalifungamanishwa na jumuiya za kiraia za Urusi zilizopokea msaada wa fedha kutoka nje, na mwezi uleule Putin alikuwa ameridhia sheria ya kuzibana. Kwa hiyo waliokuwa wakitetea wafungwa na wanyonge wakajikuta wamevikwa guo la ujasusi.

Miaka sita ikapita. Mwaka 2012, katika mfululizo uitwao Putin, Russia and the West, Jonathan Powell, aliyekuwa mkuu wa watumishi wa Waziri Mkuu Tony Blair, aliketi mbele ya kamera akakiri kwamba Warusi walisema kweli, Waingereza walikamatwa wazi, na kwamba kwa dhahiri Warusi walilijua jambo lile kwa muda, wakaliweka akiba mpaka siku litakapowafaa kisiasa. Hakushurutishwa na mahakama wala hakutishwa na mtu. Aliulizwa swali la lililotokea, na mtu ambaye kazi yake yote ilikuwa imekwisha kuwathibitishia wakubwa wa dunia kwamba hatazitia chumvi kauli zao wala hatazikata viungo.

Nimeutaja mfano huu pia kwa sababu ukweli wake haukuipendelea nchi ya shirika lililoutangaza. Mtayarishaji aliyeitafuta heshima ya serikali yake angeuacha.

Simu ya uwanja wa ndege

Katika The Death of Yugoslavia, kazi ambayo Percy aliitayarisha pamoja na Angus Macqueen na Paul Mitchell, mambo yalikuwa mazito zaidi, kwa maana vita vilikuwa havijakwisha walipokuwa wakihoji. Yaliyotokea tarehe 2 Mei 1992 yanatosha kuwa kielelezo. Rais wa Bosnia, Alija Izetbegović, akirejea pamoja na binti yake kutoka mazungumzo ya Lisbon, alitua katika uwanja wa ndege wa Sarajevo akakamatwa na jeshi la Yugoslavia, ilhali mjini jemadari wa jeshi hilohilo, Kukanjac, alikuwa amezingirwa na wapiganaji wa Bosnia katika makao yake. Kwa njia ya simu sauti ya rais mateka ikafika katika studio ya televisheni ya mji, na wakazi wa Sarajevo, wamejifungia majumbani kwa kuogopa mizinga, wakasikia moja kwa moja viongozi wao wakijadiliana juu ya uhai wa rais wao. Siku ya pili wakabadilishanwa, na msafara wa askari waliokuwa wakiondoka ukashambuliwa njiani. Kisa hiki kila upande ulikuwa na toleo lake, na kila toleo lilitumika kuchochea mauaji mengine. Kukiweka pamoja kwa vinywa vya waliokuwamo, bila ya kukipaka rangi, ilikuwa ni kuwarudishia watu wa nchi ile sehemu ya akili yao.

Baadaye mahojiano ya kazi hiyo yalifikishwa mbele ya mahakama ya The Hague iliyomshitaki Slobodan Milošević, ambaye alifariki mwezi wa Machi mwaka 2006 kabla ya hukumu, na maandishi yake kamili yakahifadhiwa King's College, London. Jambo hili la hifadhi nalipa daraja ya juu. Kati ya saa nyingi alizozisema mtu, dakika chache tu hutangazwa. Zilizobaki ndizo hazina ya tawarikhi. Katika nyumba ngapi za utangazaji za Afrika Mashariki kanda za zamani zimefutwa ili zirekodiwe vipindi vipya, au zimeachwa zikaliwa na ukungu katika chumba kisicho na hewa?

Hola, na madai ya maji

Tarehe 3 Machi 1959, katika kambi ya Hola, ukingoni mwa Mto Tana, wafungwa 11 walioshikiliwa kwa sababu ya vita vya Mau Mau walipigwa na askari magereza mpaka wakafa. Serikali ya kikoloni ilitangaza kwanza kwamba watu wale walikufa baada ya kunywa maji. Maji! Uchunguzi wa vifo ukaubatilisha uongo huo, na mwezi wa Julai Bunge la Uingereza likazungumza mpaka usiku wa manane juu ya aibu ile.

Katika End of Empire, Kenya ilipewa sehemu yake, na watayarishaji wake waliwahoji waliokuwa maafisa wa utawala ule wangali hai na wangali na kumbukumbu. Maandishi ya mahojiano hayo yaliwekwa Oxford, na wanahistoria walioandika upya habari za kambi zile miongo miwili baadaye waliyasoma na kuyatumia. Halafu wazee wa Kenya wakaipeleka serikali ya Uingereza mahakamani London. Miongoni mwao alikuwamo Wambugu wa Nyingi, aliyepigwa Hola akazimia, akalazwa pamoja na maiti akidhaniwa naye amekufa. Mwaka 2011 ikafichuka kwamba maelfu ya majalada ya kikoloni yalikuwa yamefichwa katika ghala ya serikali huko Hanslope Park. Tarehe 6 Juni 2013 Waziri William Hague alisimama Bungeni akaeleza majuto ya serikali yake, na ikakubaliwa kulipa pauni milioni 19.9 kwa wadai 5,228.

Sitathubutu kusema kwamba kipindi cha televisheni ndicho kilichowapa wazee wale haki yao, kwa sababu haki ile ilitokana na ustahimilivu wao wenyewe, na mawakili wao, na wanahistoria waliowatolea ushahidi. Nasema kwamba kila ushahidi ulioandikwa kwa wakati wake uliwapunguzia mzigo, na kwamba bibi kizee wa Murang'a au Nyeri aliyepokea fidia mkononi, akaezeka nyumba au akamlipia mjukuu karo, alipata faida ya kazi iliyoanza na watu waliokwenda kuuliza maswali wakati wengine waliona yamekwisha pitwa.

Lawama iliyo ya haki

Wako wanaomlaumu Norma Percy, nami lawama yao siipuuzi. Husema kwamba tawarikhi yake ni tawarikhi ya wakubwa. Kwamba akiwapa marais na mawaziri nafasi ya kusimulia chumba, humsahau mama ambaye nyumba yake iliteketea kwa uamuzi uliofanywa chumbani humo. Na kwamba mkubwa mjanja aweza kuitumia adabu ya mtayarishaji kujitakasa. Juu ya Urusi lawama hiyo ilikuwa kali, na wapinzani wa Putin waliona amepewa heshima asiyoistahiki.

Kisa cha Hola kinanionyesha kwamba lawama hii ni kweli nusu. Ushahidi wa Wambugu wa Nyingi haukuweza kupatikana kwa afisa yeyote, na bila ya huo yote yangalibaki makaratasi. Lakini ushahidi wa aliyepigwa hautuambii nani alitia saini amri ya kupiga, na maadamu hatumjui aliyetia saini, atatafutwa askari mdogo wa kubebeshwa dhambi. Wapiganapo tembo nyasi huumia, na nyasi zina haki ya kujua tembo waligombania nini. Mtayarishaji wa kwetu, basi, asichague kati ya chumba na kijiji. Aende kwote, na kama fedha hazimtoshi aanze kule ambako mashahidi wana umri mkubwa zaidi.

Vyumba vyetu wenyewe

Hapa ndipo moyo wangu unapoingia uchungu. Tarehe 28 Februari 2008, baada ya machafuko ya uchaguzi yaliyoua Wakenya zaidi ya 1,100 na kuwafukuza majumbani mwao zaidi ya laki sita, Mwai Kibaki na Raila Odinga waliketi Nairobi katika Harambee House, wakiwa pamoja na Kofi Annan, Benjamin Mkapa, na Rais Jakaya Kikwete aliyekuwa mwenyekiti wa Umoja wa Afrika, wakatoka na mkataba. Ni neno gani lililomlainisha huyu na ni neno gani lililomtuliza yule? Annan alifariki mwaka 2018, Mkapa mwaka 2020, Kibaki mwaka 2022, na Raila mwezi wa Oktoba mwaka 2025. Mfanyabiashara wa Eldoret aliyepoteza duka, na mama wa Naivasha aliyelala hemani miezi, wangali wakiishi ndani ya matokeo ya chumba kile.

Au tazama Zanzibar. Januari mwaka 2001 damu ilimwagika Unguja na Pemba, na Wapemba wapatao elfu mbili wakavuka bahari kwa vyombo vidogo mpaka Shimoni, pwani ya Kenya, wakawa wakimbizi. Tarehe 5 Novemba 2009 Rais Amani Abeid Karume na kiongozi wa upinzani, Maalim Seif Sharif Hamad, ambao kwa miaka hawakutambuana, wakakutana Ikulu ya Zanzibar. Mwaka uliofuata, tarehe 31 Julai, wananchi wakaulizwa kwa kura ya maoni, na takriban thuluthi mbili wakaridhia serikali ya umoja wa kitaifa. Mzee Hassan Nassor Moyo, aliyekuwa miongoni mwa wasuluhishi, alifariki mwaka 2020, na Maalim Seif akamfuata mwezi wa Februari mwaka 2021. Waliulizwa? Sizungumzii hotuba za mikutano ya hadhara wala salamu za rambirambi zilizotangazwa baada ya mazishi. Nauliza kama aliketishwa kila mmoja kwa saa nne au tano, akaulizwa nani alimpigia nani simu ya kwanza, nani alikuwa na shaka, na ni sharti gani lilikaribia kuvunja yote.

Twaambiwa vituo vyetu havina fedha, na kwamba mtangazaji wa biashara hatanunua nafasi katika kipindi kinachoweza kuwaudhi wenye mamlaka. Nayajua hayo, na ninajua pia kwamba kazi hii ina khatari: waandishi wa KTN, Mohammed Ali na John-Allan Namu, walipochunguza mwaka 2013 yaliyotokea katika shambulio la jengo la Westgate, mkuu wa polisi wa Kenya aliwatishia hadharani kuwakamata. Mtayarishaji anahitaji mwanasheria kabla ya kuhitaji kamera nzuri, anahitaji mhariri atakayesimama mlangoni pigo likija, na anahitaji mshahara wa miezi ambayo haonyeshi chochote. Lakini gharama ya kutoijua kweli nayo hulipwa, tena hulipwa na kaya: kila uchaguzi ukikaribia, familia za Bonde la Ufa hufunga mizigo, na wauza nguo wa Unguja hupunguza bidhaa dukani, kwa kuogopa marudio ya jambo ambalo hakuna aliyewaeleza kwa ukamilifu lilianzaje na lilizimwaje.

Kituo kimoja, basi, iwe cha umma au cha mtu binafsi, kimtoe mtayarishaji mmoja katika zamu ya vipindi vya mezani, kimpe watafiti wawili na mpigapicha mmoja, na kimwachilie kwa miaka miwili. Aanze na maridhiano ya Zanzibar, kwa sababu Amani Karume yuko hai na wasaidizi wa pande zote mbili wangali wanaweza kutembea kwa miguu yao. Awaendee kwanza walioandika kumbukumbu za mikutano, halafu waliobeba ujumbe kati ya Unguja na Pemba, halafu wazee wasuluhishi, na mwisho wakubwa. Awaendee pia waliorudi kutoka Shimoni. Kila mahojiano yawekwe nakala katika Nyaraka za Taifa pale Kilimani, Zanzibar, na nyingine katika maktaba ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ili hata kama kipindi kitazuiwa kutangazwa mwaka huu, maneno yenyewe yawe yamekwisha kusemwa na yana tarehe.